Gololi za naftalini na suti yangu ya sufu: nyota tatu

Suti yangu ya sufu naivaa kwa nadra, maana kwa joto la hapa Kigoma ni mateso. Mwezi wa nne naitoa kabatini niende harusini, nakuta kwapani matundu manne. Nikamlaumu panya. Shemeji akapindua kola, akanionyesha kiwavi mweupe, mwembamba kuliko punje ya mchele, kajivika kifuko cha nyuzi za suti yangu mwenyewe! Ni mtoto wa nondo (siyo zile za ujenzi). Nondo mkubwa hali nguo, anataga tu. Anayekula sufu ni kiwavi, na penye jasho ndipo anapopapenda.

Basi nikanunua naftalini soko la Mwanga, zile gololi nyeupe zinazowekwa hata vyooni. Nikazitupia mifukoni, nikaitundika suti kwenye kabati ambalo mlango wake haufungi vizuri. Wiki chache baadaye gololi zimekonda, chumba kinanuka choo cha baa, na tundu la tano limetoka. Ningeandika siku ile ningetoa nyota moja.

Kumbe kosa ni langu. Kinachoua ni mvuke, na mvuke ukipata upenyo umeula wa chuya. Tena ni mzito kuliko hewa, kwa hiyo gololi hukaa juu ya nguo, siyo chini.

Nikaanza upya. Suti nikaipiga brashi kwenye mishono yote, nikaifunga mifuko miwili ya nailoni, ikalala wiki mbili kwenye friza ya jirani anayeuza migebuka. Baridi ile inaua hadi mayai, mradi umeme usikatike. Halafu ikaingia kwenye tranka la bati, gololi juu yake ndani ya kitambaa, mfuniko ukabana.

Hadi Desemba hakuna tundu jipya.

Nyota mbili nimezikata kwa sababu hizi. Gololi zinafanana mno na pipi, na mtoto akimeza ni sumu; mwenye upungufu wa G6PD (kimeng'enya kinacholinda chembe nyekundu za damu) damu yake inaweza kuharibika hata kwa kuvuta mvuke tu. Tranka langu sasa lina kufuli na haliko chumba cha kulala. Ya pili ni harufu. Niliianika suti siku tatu, na bado ukumbini jirani yangu wa meza aliuliza nani kamwaga dawa ya choo.