REAPER: softiwea ya studio isiyopigana na wanaokreki

Wakuu, kama unarekodi nyumbani au una kistudio cha mtaani na umechoka kutafuta kreki mpya (softiwea iliyovunjwa ulinzi ili uitumie bila kulipa) kila baada ya muda, jaribu REAPER. Ni ya kampuni ya Cockos, ya Justin Frankel yule aliyetengeneza Winamp, ile programu ya kuchezea muziki kwenye kompyuta, na kwangu mimi ndo softiwea ya muziki inayomheshimu mtumiaji kuliko zote nilizogusa.

Hii vita ya makampuni na wakrekaji inatuumiza sisi. Cubase, softiwea nyingine ya kurekodi, walikaa miaka na kile kijiti cha USB cha leseni, usipokichomeka haifunguki, wakrekaji wakakitegua, kampuni ikakaza, mpaka Cubase 12 ya mwaka 2022 ndo wakaachana nacho. Huku kwetu kuna studio bado ziko kwenye Cubase 5 ya 2009 kwa sababu kreki yake ndo ilitulia, apdeti hugusi, plagini (viprogramu vya kuongezea sauti na efekti) mpya nyingi hazifunguki, halafu hizo kreki zenyewe zinakwambia kabisa zima antivairasi kwanza, yaani unamfungulia mtu usiyemjua mashine yenye vokali za wateja, biti, kila kitu!

REAPER wao hawakuingia huko. Faili ni dogo, bando haliumii, unapewa siku 60 za kujaribu na hakuna kilichofungwa, unasevu, unatoa wimbo mzima. Zikiisha haijifungi, inakuletea tu kidirisha cha kukumbusha ulipe, unasubiri sekunde chache unaendelea na kazi. Sasa hapo mtu anakreki nini? Na bado wapo wanaotafuta kreki yake, inaniuma sana hiyo.

Leseni ni dola 60 kwa mtu binafsi, au biashara isiyoingiza zaidi ya dola 20,000 kwa mwaka, wakubwa dola 225. Ukinunua sasa hivi kwenye toleo la 7 apdeti unapata mpaka toleo la 8.99.

Mapungufu yapo. Haiji na sauti za ngoma wala kinanda za maana, mtengeneza biti utalazimika kutafuta zako, na muonekano wake ni wa kizamani mpaka ubadilishe thimu. Ila kwa kurekodi vokali na kumiksi iko vizuri sana, hata laptopu ya kawaida inaibeba.

Shusha reaper.fm tu. Wanaokuuzia kwenye flashi usichukue, ile ya kwenye tovuti ni bure kujaribu na ndo hiyo hiyo nzima.