UPS ya 650VA kwenye steshenari yangu: uzoefu hadi betri ya pili

Wengi tunanunua UPS, kile kiboksi chenye betri kinachokaa kati ya soketi na kompyuta, kwa ajili ya giza, ili umeme ukikatika kompyuta isizime papo hapo. Hata mimi ndivyo nilivyomwambia muuzaji kule Kariakoo. Lakini tangu niiweke kwenye steshenari yangu Mbagala, kazi kubwa ninayoiona ikifanya ni wakati umeme upo.

Kushoto nimepakana na fundi wa kuchomelea mageti, kulia kuna saluni ya kike. Fundi akigusisha tu chuma, taa zangu zinafifia. Saluni wakiwasha madraya, feni inazunguka kivivu. Umeme wetu unatakiwa uwe volti 230, ila jioni, watu wakisharudi nyumbani, nimewahi kupima nikakuta haufiki 180. Kabla ya UPS, kompyuta yangu, Dell OptiPlex ya mtumba, ilikuwa inajizima na kujiwasha yenyewe bila umeme kukatika kabisa. Umeme unayumba kufumba na kufumbua, na mwanafunzi yuko katikati ya fomu ya mkopo wa HESLB, Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu. Ukiwa unaandika kwenye Word, programu yenyewe hujiwekea akiba ya dharura kila baada ya dakika 10 usipobadilisha mpangilio. Katika dakika 10 mtu anayejua kuchapa anaandika kurasa.

UPS niliyonunua ina AVR, yaani kirekebisha volti cha kujiendesha, na hizo herufi tatu ndizo za kutafuta kwenye boksi kabla ya jina la kampuni. Ndani yake kuna transfoma inayopandisha umeme ukishuka na kuushusha ukizidi, bila kugusa betri. Ya kwangu imeandikwa inapokea volti 140 hadi 300. Fundi akianza kazi nasikia "tak", kisha "tak" nyingine akipumzika, na kompyuta haina habari. Zipo za bei nafuu zisizo na AVR. Hizo umeme ukishuka zinakimbilia betri moja kwa moja, kwa hiyo ukikaa jirani na mtu wa kuchomelea, betri inafanya kazi mchana kutwa na haitafika mbali. Kuna wanaoniambia friji gadi, kile kifaa cha kulinda friji, ingetosha. Hapana. Friji gadi ikiona umeme mdogo inakata, halafu inasubiri kwa dakika kadhaa kabla ya kurudisha. Kwa friji ni sawa kabisa. Kwa kompyuta, kukatiwa ndiyo hasara yenyewe unayoikimbia.

Sasa ile 650. Wauzaji wanaitaja kama ndiyo wati, na siyo. Hizo ni VA, yaani volti mara ampea. Wati zimeandikwa pembeni kwa maandishi madogo, na kwenye UPS za ukubwa huu huwa ni nusu ya hiyo namba au zaidi kidogo. Hainisumbui, kwa sababu kompyuta na skrini yangu nikiwa naandika havifiki wati 100, na umeme ukikatika napata muda wa kuhifadhi kazi, kumtumia mteja faili lake na kuzima kwa utaratibu. Kuendelea na kazi kama vile hakuna kilichotokea, sahau. Anayetaka hivyo atafute inveta na betri kubwa.

Printa ya leza usiichomeke upande wa betri. Ina hita ya kuyeyushia wino wa unga kwenye karatasi, na ikianza kupasha inavuta umeme wa ghafla ambao UPS ndogo haiwezi kuubeba. Kijana wa duka la picha upande wa pili wa barabara alichomeka ya kwake. UPS ikalia mlio mmoja mrefu, kila kitu kikazima, kompyuta ikiwemo. Ya wino wa maji haina shida hiyo. Mashine yangu ya kopi na ya laminesheni zinakaa kwenye soketi za ukutani.

Betri ndiyo roho ya kifaa hiki, na ndiyo ambayo wauzaji hawaizungumzii. Ndani ya UPS nyingi za ukubwa huu kuna betri moja ya risasi iliyozibwa, volti 12, 7Ah (ampea-saa, kipimo cha ujazo wa betri), ileile inayowekwa kwenye ving'ora na fensi za umeme. Watengenezaji huikadiria miaka 3 hadi 5, lakini hesabu hiyo ni ya chumba cha nyuzi 20 hadi 25. Kila joto likizidi kwa nyuzi 10 hivi, umri unakatika karibu nusu. Fremu yangu ni ya bati lisilo na dari, na ni Dar es Salaam, tena mwezi wa pili. Ya kwanza haikufika miaka miwili. Dalili zilianza mapema: umeme ukikatika muda ukawa unapungua, mwishowe inalia mara moja na kuzima hapohapo.

Wengi hapa wanatupa UPS nzima au wanamuuzia mtu wa chuma chakavu. Mimi nilimpa fundi akabadilisha betri, na gharama haikufika nusu ya UPS mpya. Kazi yenyewe ni fupi: kuchomoa kwenye umeme, kufungua kifuniko, kuhamisha waya mwekundu na mweusi kwenye nguzo zake zilezile. Asiyejua asifungue, kwa sababu ndani mnapita umeme wa ukutani. Na usikubali kuwekewa betri ya pikipiki yenye maji ya asidi. Namba zinaweza kufanana, ila ile inatoa hewa na inaweza kuvuja, na hapo juu ndipo kompyuta ilipo. Betri mpya ipimwe kwanza kwa mita: iliyojaa na kutulia inasoma karibu volti 12.8. Iliyokaa dukani muda mrefu bila kuchajiwa inaharibika hata kama haijawahi kutumika.

Malalamiko yangu ni mawili. Matundu ya nyuma ni yale ya nyaya za kompyuta, si soketi za pini tatu, nikalazimika kununua nyaya nyingine siku hiyohiyo. Na ule mlio, ambao ya kwangu haina namna ya kuuzima. Umeme ukikatika usiku, anayelala nyumba ya nyuma anaujua kabla yangu.

Naipa nyota nne. Ningeinunua tena, ila safari hii ningemwambia muuzaji aiwashe palepale ikiwa na taa ya wati 60 au zaidi, achomoe ukutani, tusubiri wote dakika tano. Akikataa, duka la pili liko jirani. Na ukifika nayo nyumbani, hakikisha soketi ina waya wa ethi kweli, maana sehemu ya kinga dhidi ya umeme mkubwa inaushushia huko. Fremu nyingi za mtaani kwetu zina tundu la tatu la mapambo tu.