Contra Anniversary Collection: kumi kwenye orodha, saba mkononi

Tazameni majani ya ile miti hapo juu. Mmeyaona? Yanatikisika. Mimi Contra, ile gemu ya askari wanaokimbia huku wanapiga risasi, nimeianza nikiwa darasa la tatu, na majani haya sikuwahi kuyaona yakitikisika hata siku moja.

Habarini wapendwa, niko Chikongola hapa Mtwara mjini. Mezani leo ni Contra Anniversary Collection, mkusanyo wa gemu za Contra wa Konami, kampuni ya Kijapani iliyozitengeneza, uliotoka Juni 2019. Mimi naicheza kwenye PS4, ila ipo pia ya Switch, Xbox One na kompyuta.

Hayo majani ni ya toleo la Japani, la Famicom, mashine ya Nintendo ya nyumbani, mwaka 1988. Kaseti ya Japani ilikuwa na chipu ya Konami wenyewe, ndiyo maana miti inapepea kama minazi ya Shangani, theluji inaanguka kwenye hatua ya tano, na kabla ya hatua mpya unaonyeshwa ramani ya unakokwenda. Toleo la Marekani lilitoka kwenye chipu ya kawaida ya Nintendo, na hayo yote yakaondolewa. Humu yamewekwa matoleo yote mawili. Unacheza moja, unatoka, unaingia jingine, unaona kwa macho yako kilichopunguzwa. Kwangu mimi mkusanyo wa gemu za zamani unapimwa hapo: je, umetunza gemu, au umeibandika tu kwenye mashine mpya?

Sisi tuliipata kwenye zile mashine za kaseti za kuiga. Mjomba alitoka Tandahimba msimu wa korosho, akatununulia moja sokoni, tukaichomeka kwenye TV ya chogo. Laifu tatu tu. Risasi moja ikikugusa umekufa, na silaha uliyookota imekwenda nayo. Ukipata ile S inayotawanya risasi kama feni unaishika kwa hofu, huruki ovyo. Kusevu hakuna. Umefika hatua ya saba kati ya nane, umeme unakatika, unarudi mwanzo. Nimelia kwa hilo, na kaka zangu wamelia.

Sasa humu unasevu popote. Unafungua menyu, unahifadhi, unazima, kesho unaendelea palepale. Wapo watakaosema huko ni kuiharibu gemu. Mimi siwakubalii. Yule bosi wa mwisho, ule moyo mkubwa unaodunda, nilimwona kwa mara ya kwanza mwaka huu, mtu mzima mwenye watoto. Kusevu kumenifikisha.

Kwenye orodha utahesabu gemu kumi, lakini gemu zenyewe ni saba. Super Probotector ni Contra III ileile, na Probotector ni Hard Corps ileile. Ulaya walibadilisha askari wakaweka maroboti. Contra ya nyumbani nayo imekuja mara mbili, ya Marekani na ya Japani, na hiyo ndiyo siwalaumu kuirudia. Zile mbili za mashine za kumbi za michezo, Contra ya 1987 na Super Contra ya 1988, zilitengenezewa kioo cha kusimama wima, kwa hiyo kwenye TV ya leo zinakaa katikati, pembeni pamebaki patupu. Nilizicheza jioni moja, sikurudi tena. Operation C ya Game Boy, ile mashine ya mkononi, ni fupi na tamu.

Contra III ya 1992 ndiyo ninayoipenda kuliko zote ukiacha ile ya utotoni. Unabeba silaha mbili, unabadilisha, na kuna mahali unaning'inia kwenye kombora linaloruka huku unapigana. Hard Corps ya 1994 ina wahusika wanne na njia zinazogawanyika, lakini ni kali mno: pigo moja, umekwisha. Hapa nisikilizeni vizuri. Pakueni ile nyongeza ya bure yenye matoleo ya Japani. Hard Corps ya Japani inakupa mapigo matatu kabla ya kufa, inakuwa gemu ya kuchezeka kabisa.

Kuna pia kitabu cha historia ndani yake, chenye mahojiano na michoro ya kazi. Kiko kwa Kiingereza. Kisomeni taratibu, kina mambo.

Bei ya kawaida ni dola 19.99. Kwa gemu saba naona ni haki, ila punguzo huwa linakuja, mwenye subira asubiri. Na ni ya kupakua, kwa hiyo weka bando kwanza. Padi ya pili nayo ni lazima, maana ukiicheza peke yako umepata nusu ya gemu.

Mnakumbuka hatua ya tatu, ya maporomoko? Kioo kinapanda na yule aliye juu. Mwenzako akikimbilia juu, wewe wa chini unabaki nje ya kioo, na hapo unakufa. Ugomvi wote wa nyumbani kwetu ulianzia pale. Humu ni vilevile, hawakulainisha kitu.

Ule mpangilio wa siri wa vitufe unaokupa laifu thelathini unafanya kazi: juu, juu, chini, chini, kushoto, kulia, kushoto, kulia, B, A. Aliyeubuni ni Kazuhisa Hashimoto wa Konami, alipokuwa anaiandaa gemu nyingine, Gradius ya 1986, kwa mashine ya nyumbani. Ilimshinda ugumu, akajiwekea njia ya kuijaribu. Alifariki mwaka 2020. Uingize kwenye ukurasa wa mwanzo wenye jina la gemu, kabla hujaanza.

Huyu hapa mpwa wangu amefika. Kaa hapa, shika padi. Ukiona mjomba yuko chini usipande kwanza, nisubiri nifike.