Kusikiliza NBA moja kwa moja ukiwa Nairobi: kipi ulipie, kipi uache

Ratiba ya NBA, ligi ya mpira wa kikapu ya Marekani, haikupangwa kwa ajili ya mtu wa Afrika Mashariki. Mechi inayoanza saa moja na nusu jioni kule New York huanza hapa kwetu saa tisa na nusu usiku, kuanzia Jumapili ya kwanza ya Novemba hadi Jumapili ya pili ya Machi. Miezi mingine Wamarekani huwa wamesogeza saa zao mbele, kwa hiyo tofauti hupungua kutoka saa nane hadi saba na mechi hiyo hiyo huanza saa nane na nusu usiku. Timu za pwani ya magharibi zina nafuu yake: mechi ya Los Angeles ya saa moja na nusu jioni huanza Nairobi saa kumi na mbili na nusu asubuhi wakati wa baridi kule, yaani ukiwa kwenye matatu ya kwenda kazini.

Ndiyo maana sauti inafaa kuliko picha kwa mechi nyingi za msimu. Unaweza kuisikiliza umefumba macho, umelala, au umebanwa kwenye kiti cha nyuma, na hailambi bando. Ila sauti zenyewe hazilingani.

Sauti ya redio na sauti ya televisheni ni vitu viwili

Ukishika jambo moja tu katika mwongozo huu, shika hili: usinunue video ukaifunika ukidhani umepata redio. Mtangazaji wa televisheni anajua unaona. Mpira ukipigwa pasi tatu hunyamaza, kisha hutaja jina la mfungaji. Hapo katikati atakuwa anaongea na mwenzake kuhusu mkataba wa mchezaji fulani. Wewe uliyefumba macho umeachwa gizani.

Wa redio hana ruhusa ya kunyamaza. Atakwambia mpira uko upande gani wa uwanja, nani anaudunda, nani amekuja kumzuia mlinzi ili mwenzake apate njia, sekunde ngapi zimebaki kati ya zile 24 za kila shambulizi, mpira umerushwa kona ya kushoto, mtupo wa pointi tatu, umegonga chuma, ribaundi ameidaka nani. Kisha hutaja matokeo na muda uliobaki, na atavirudia tena baada ya dakika moja au mbili kwa sababu anajua kuna aliyewasha redio sasa hivi. Hiyo ni kazi yenye ufundi wake. Chick Hearn aliifanya kwa Lakers wa Los Angeles katika mechi 3,338 mfululizo, kuanzia 1965 hadi 2001, na maneno kadhaa ya watangazaji wa leo yalitoka kinywani mwake.

Karibu kila timu kati ya 30 ina watangazaji wake wa redio, na kila mmoja ana upande anaouegemea waziwazi. Usiogope upendeleo huo, kwani ndio unaoleta uhai. Wa kuanzia nao, kwa sikio la mgeni: Tim Roye wa Golden State Warriors, anayetamka wazi na kuijaza kila sekunde, Sean Grande na Cedric Maxwell wa Boston Celtics, ambapo Maxwell mwenyewe alikuwa mchezaji bora wa fainali za 1981, na John Ireland akiwa na Mychal Thompson kwa Lakers, wanaopiga soga zaidi lakini hawapotezi mchezo.

Nafasi ya kwanza: redio za timu ndani ya NBA League Pass

Hili ndilo chaguo la mtu anayefuata timu moja msimu mzima. League Pass ni usajili wa ligi yenyewe, unaotumika kupitia programu ya NBA au tovuti yake. Watu huununua kwa ajili ya video, lakini ukifungua ukurasa wa mechi na kubonyeza orodha ya matangazo, chini ya video ya wenyeji na ya wageni utakuta pia sauti ya redio. Chagua ya timu yako.

Kabla ya kulipa, fanya ukaguzi huu. Pakua programu bila malipo, jisajili kwa baruapepe, fungua mechi ya siku hiyo na uangalie orodha hiyo inaonyesha nini ukiwa na intaneti ya Kenya. Kama kuna siku za majaribio ya bure, zitumie kwa mechi mbili tofauti, moja ya usiku wa manane na moja ya alfajiri. Hapo utajua pia kama wewe ni mtu wa kuamka kweli.

Kuhusu kifurushi: ukifuata timu moja, tafuta cha timu moja, ni rahisi kuliko cha ligi nzima. Vifurushi vya juu vinavyoondoa matangazo ya biashara na kuruhusu vifaa viwili kwa pamoja vimetengenezwa kwa ajili ya watazamaji, na msikilizaji hanufaiki navyo sana. Kununua kwa mwezi kuna maana kama unataka mechi za mchujo tu, kuanzia Aprili hadi fainali za Juni. Ukitaka mechi zote 82 za timu yako, nunua msimu mzima Oktoba.

Malipo ndipo wengi hukwama. Kadi ya Visa au Mastercard ya benki inafanya kazi ikiwa imefunguliwa kwa manunuzi ya mtandaoni, kwa hiyo piga simu benki kwanza. Asiye na kadi atumie kadi ya mtandaoni ya M-PESA GlobalPay, iliyoanza 2022, unayoipata kwenye programu ya M-PESA au kwa *334#. Nambari yake ya usalama hudumu muda mfupi, kwa hiyo fungua kwanza ukurasa wa malipo hadi mwisho, jaza kila kitu, ndipo uiombe. Weka salio linalozidi bei kidogo, kwa sababu kubadilisha fedha kutoka dola hula pesa ya ziada, na shilingi kumi pungufu inatosha malipo kukataliwa. Usajili hujirudia wenyewe. Usipoutaka tena, ufute kabla ya tarehe ya kulipa, si siku yenyewe.

Nafasi ya pili: ESPN kupitia DStv, kama tayari unailipia

Usiinunue kwa ajili ya sauti. Lakini kama nyumbani kuna king'amuzi na kifurushi chako kina chaneli ya michezo ya ESPN, mechi kadhaa kwa wiki unazo tayari, na unaweza kuzifuata kwa simu kupitia programu ya DStv. Utasikia sauti ya televisheni pamoja na mapungufu yote niliyoyataja, na hauchagui mechi: unapewa iliyopangwa, ambayo mara nyingi ni ya timu maarufu. Kwa anayependa ligi kwa jumla bila kushikamana na timu yoyote, inatosha. Ongeza sauti ya uwanja ukiweza, kwa maana mlio wa viatu na kelele za mashabiki hukujulisha mengi mtangazaji anaponyamaza.

Nafasi ya tatu: BAL, bila malipo na kwa saa za kistaarabu

Ligi ya Basketball Africa League ilianza Kigali mwaka 2021, na tangu Nairobi City Thunder iwe timu ya kwanza ya Kenya kuingia, katika msimu wa 2025, hakuna sababu ya shabiki wa hapa kuipuuza. Mechi nyingi huchezwa mchana na jioni zetu, na nyingi zimepatikana mtandaoni bila malipo, YouTube ikiwemo.

Kasoro yake kwa msikilizaji ni kwamba YouTube ya bure hunyamaza ukizima skrini. Acha skrini ikiwaka, punguza mwanga hadi mwisho, weka ubora wa picha 144p, na uiweke simu mezani badala ya mfukoni, maana mfukoni kidole au kitambaa kitabonyeza kitu. Betri itakwenda haraka, kwa hiyo chomeka chaji.

Usizilipie hizi

SiriusXM ina redio za timu zote, na ni huduma nzuri kwa aliye Marekani. Imejengwa kwa wateja wa kule, na kutoka Nairobi ni kusumbuka bure. Vivyo hivyo tovuti za stesheni za redio za miji ya Marekani: mchana utazisikia vizuri, halafu mechi ikianza utasikia kipindi kingine au kimya, kwa sababu haki za kurusha mechi kwenye intaneti hazimilikiwi na stesheni bali na ligi. Wengi hudhani simu yao imeharibika.

VPN ya kuifanya simu ionekane iko Marekani huvunja masharti ya huduma unayoilipia, huongeza matumizi ya data na hukatikakatika. Viungo vya wizi vinavyosambazwa kwenye makundi ya WhatsApp ni vibaya zaidi: kila ukibonyeza unafunguliwa ukurasa wa kamari, na mara nyingi hufa robo ya nne, pale watu wanapokuwa wengi.

Bando: hesabu yenyewe

Mechi ni dakika 48 kwenye saa ya uwanja, lakini kwa saa ya ukutani panga saa mbili na nusu, na kila muda wa nyongeza una dakika tano za mchezo. Sauti ya kilobiti 64 kwa sekunde hutumia takribani MB 29 kwa saa, yaani MB 72 kwa mechi. Ya kilobiti 128 hufika MB 144. Linganisha na video ya megabiti 3 kwa sekunde, ambayo kwa muda huo huo hula zaidi ya GB 3.

Mtego ni muda wa bando, wala si ukubwa wake. Bando la siku linaloisha saa sita usiku limekufa kabla mechi haijaanza. Linalodumu saa moja tu litakuacha mapumzikoni. Chagua la saa 24 ulilolinunua jioni, au lisilo na muda wa kuisha, na GB 1 isiyo na muda wa kuisha itakupa takribani mechi saba hadi kumi na tatu kulingana na ubora wa sauti. Zima masasisho ya programu yanayojiendesha usiku. Ndiyo wezi wakubwa wa bando la asubuhi.

Wenye waifai nyumbani wakumbuke stima. Ikipotea, ruta inazima na matangazo yanakatika, hata kama simu ina chaji. Kuna betri ndogo za ruta zinazouzwa Luthuli Avenue na kwingineko. Kabla ya kununua soma lebo ya adapta ya ruta yako: ikiandikwa 12V, betri itoe 12V, na ncha ya waya iwe na ukubwa ule ule. Ya mAh 10,400 hubeba takribani saa-wati 38, zinazotosha ruta ya wati 8 kwa saa nne hivi. Kama kisanduku cha faiba kiko peke yake mbali na ruta, nacho kinahitaji umeme.

Simu inayokata sauti dakika ya kumi

Hili ndilo lalamiko la kawaida, hasa kwenye Tecno, Infinix na itel, na chanzo si mtandao. Simu huua programu zinazofanya kazi skrini ikiwa imezimwa ili kulinda betri. Nenda Mipangilio, kisha Programu, chagua programu ya NBA, fungua Betri, na uiruhusu ifanye kazi bila vizuizi. Kama simu ina programu ya kusafisha kumbukumbu, iweke NBA kwenye orodha ya zisizoguswa. Kwenye orodha ya programu zilizofunguliwa, iwekee alama ya kufuli ili isizimwe. Kabla ya usiku wa mechi, jaribu kwa kuzima skrini kwa muda wa nusu saa.

Ukiwa kwenye matatu sauti itakwama unapovuka kutoka mnara mmoja hadi mwingine. Ikirudi, bonyeza kitufe cha kukurejesha kwenye muda wa sasa, la sivyo utakuwa nyuma kwa dakika nzima. Hata mtandao ukiwa safi, matangazo ya intaneti huchelewa nusu dakika au zaidi, kwa hiyo zima arifa za matokeo na uwashe kipengele cha kuficha matokeo ndani ya programu ya NBA. Nyamazisha na kundi la WhatsApp la mashabiki.

Vipokea sauti vya masikioni vya waya ndivyo vinavyofaa kitandani na safarini: havihitaji chaji na havipotei. Angalia kama simu yako bado ina tundu la duara au ni USB-C pekee. Vya Bluetooth vingi hudumu saa tatu hadi tano, vinatosha mechi moja. Ukitumia sikio moja huku kingine kikichajiwa kwenye kasha, vitafika hata mechi mbili. Kwa sikio moja, washa sauti ya mono kwenye Mipangilio upande wa Ufikivu, ili usipoteze kilichorekodiwa upande wa pili.

Sauti ikigoma kabisa, programu hiyo hiyo ina maelezo ya maandishi ya kila tukio uwanjani, bila malipo na kwa data kidogo mno. Na kwa asiyeweza kukesha katikati ya wiki, mechi za mchana wa Jumapili kule Marekani, zile za saa tisa na nusu alasiri, huanza hapa saa tano na nusu usiku wakati wa baridi kule, na za Krismasi zinazoanza adhuhuri New York huanza saa mbili usiku.