Dispatch: anza na za jukwaani, za studio zitangoja

Mwenye haraka nimpe jibu aende zake: kama unataka kununua kazi ya bendi ya Dispatch, nunua ile albamu ya jukwaani ya Madison Square Garden, ukumbi wa New York, ya 2007, iitwayo Zimbabwe. Ukibakiwa na hela, ongeza Gut the Van ya 2001. Zilizobaki zisikilize kwanza kwenye simu, kisha uamue mwenyewe.

Mimi ni mpiga besi. Nimepiga kwenye harusi Mombasa, nimepiga kanisani, na sasa naishi Lowell, Massachusetts, ambako Wakenya tumejaa kiasi kwamba wikendi isiyo na shughuli ya kwetu ni nadra. Aliyenitia Dispatch masikioni ni kijana anayetupigia drams, mzaliwa wa hukuhuku. Alinisukumia simu tukiwa tunafunga nyaya baada ya mazoezi, akasema, "Mjomba, hawa ni wa hapa kwetu, sikiliza besi yao." Nilisikiliza ili nisimvunje moyo. Mwisho wa wimbo wa pili nikamwambia arudishe nyuma.

Kwa watu wa Boston hawa ni wa nyumbani kweli, ingawa bendi yenyewe ilizaliwa Vermont, chuo cha Middlebury, katikati ya miaka ya tisini. Vijana watatu: Chad Urmston, ambaye siku hizi anajulikana kama Chadwick Stokes, Brad Corrigan, na Pete Heimbold, aliyejiita Pete Francis. Mwanzoni walijiita One Fell Swoop. Albamu ya kwanza, Silent Steeples, ilitoka 1996, na ni gitaa kavu tupu na sauti tatu zinazopishana, muziki wa kufanya watu wakae chini wasikilize. Baadaye wakatoa Bang Bang, na humo ndimo fanki ilipoingia, na rege kidogo, na maneno ya kufokafoka katikati ya ubeti. Kampuni kubwa haikuwahi kuwashika mkono. Walitoa kazi zao kwa lebo yao wenyewe, Bomber Records, wakatembea na gari lao, chuo kwa chuo, wakiuza CD mlangoni.

Jambo moja mpiga ala yeyote ataliona upesi: hawa watu wanabadilishana ala. Tazama video za matamasha yao. Wimbo unaisha, aliyekuwa na besi anaivua, anamkabidhi mwenzake, yeye anachukua gitaa au anakwenda kukaa kwenye drams. Hakuna anayeomba radhi wala kutangaza, ni kama watu wanapokezana zamu ya kuchota maji. Kwenye bendi nilizopitia, ukimgusa mpiga solo gitaa lake huo ni ugomvi wa mwezi mzima. Faida ya kupokezana naisikia masikioni: kila mmoja anajua mwenzake anahitaji nafasi wapi. Besi yao haina papara. Inakaa chini, inaacha shimo, halafu inaingia nusu pigo kabla hujaitarajia. Ukitafuta vidole vya kuruka sarakasi nenda kwingine. Hawa si mafundi wa fanki wa kutisha, na katika baadhi ya nyimbo za mwanzo unasikia kabisa kwamba mkono bado unatafuta njia. Ila wanasikilizana, na kusikilizana hakununuliwi dukani.

Wimbo uliowafikisha mbali ni The General, uliomo kwenye Bang Bang. Nitakaa hapa kidogo kwa sababu bila wimbo huu nisingeandika chochote. Ni hadithi. Kuna jenerali mzee, kifua kimejaa nishani, amefuga ndevu ili zimfiche makovu ya usoni. Usiku wa kuamkia vita kubwa anaota ndoto inayomgaragaza kitandani. Asubuhi anatoka hemani, anawakuta vijana wake wamesimama wima, macho yanawaka, na anawaambia warudi makwao: hao wa upande wa pili ameshawaona, mama zao ameshawaona, vita hivi havifai kupiganwa, nyinyi ni vijana, nendeni mkaishi. Wale wanaduwaa na bunduki mabegani, kwa sababu amri hii inapinga kila kitu walichofundishwa. Mwishowe mmoja baada ya mwingine anarudi hatua nyuma, bila neno, na mzee anabaki peke yake akijitayarisha kupigana.

Mtunzi mvivu angeuweka wimbo wa namna hiyo kwenye mwendo wa mazishi. Hawa wameuweka kwenye gitaa linaloruka, jepesi, la kukufanya utikise goti, na maneno yamebanwa mengi mengi ndani ya mstari mmoja hadi mwimbaji anakosa pa kuvutia pumzi. Unajikuta unacheza huku unaambiwa habari ya kufa. Kiitikio kinapofika, yale maneno ya jenerali yanatoka kama ruhusa kwako wewe unayesikiliza. Kwenye rekodi za jukwaani kiitikio hicho hakiimbwi na bendi, kinaimbwa na ukumbi. Ndiyo maana nasema za studio zingoje: toleo la Bang Bang ni zuri lakini limekaa kama picha ya pasipoti.

Sasa, waliujuaje wimbo watu wa majimbo ambako bendi haijawahi kukanyaga, wala redio haikuupiga? Napster, programu ya kunakiliana nyimbo. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 wanafunzi walikuwa wakinakiliana nyimbo kwenye intaneti chuo hadi chuo, na wakati bendi kubwa, Metallica wakiwamo, walikuwa wakikimbilia mahakamani, Dispatch walikuwa wakifika mji mgeni na kukuta watu wanajua maneno yote. Jambo hili linanikera na kunifurahisha kwa pamoja. Mimi nimetoka nchi ambako kanda za kunakili ziliwamaliza wanamuziki. Nawafahamu wazee waliopiga nyimbo zinazochezwa kila baa na wakafa na madeni. Tofauti naiona hapa: Dispatch hawakuwa na kampuni ya kugawana nayo, na jukwaa lao lilikuwa linalipa. Wimbo ulikwenda bure, mwenye wimbo akafuata nyuma akiuza tiketi na fulana, na chote kilichopatikana kilikuwa chao. Mzee wetu wa studio za River Road, Nairobi, alikuwa ameshauza wimbo wake kwa pesa ya siku moja, kwa hiyo hata ungefika mbinguni haukuwa wake tena.

Gut the Van ni picha ya kipindi hicho. CD mbili, za jukwaani tupu, vumbi na yote. Sauti haijasafishwa sana. Kuna mahali drams zinameza gitaa, na kuna mahali wanazungumza na watazamaji utani ambao sikuuelewa na sidhani nilipoteza kitu. Bats in the Belfry humo ni moto, ule mfoko wa maneno unakuja kwa kasi mpaka unahisi gari limekatika breki. Ukiwa na masikio yanayotaka kila ala iwe na kiti chake, CD hii itakuchosha. Mimi naipigia kwenye gari, vioo vikiwa chini.

Halafu, wakiwa juu, wakaachana. Kila mmoja alikuwa na njia yake na ukaribu ulikuwa umeshawachosha. Chad alikuwa tayari na bendi nyingine, State Radio, yenye siasa zaidi na gitaa zito. Waliamua kuaga kwa tamasha la bure Boston, kwenye jukwaa la Hatch Shell kando ya Mto Charles, tarehe 31 Julai 2004. Walitarajia watu wa kujaza uwanja. Walikuja wanaokadiriwa kufikia 110,000, wengine wamevuka bahari, kuja kuiona bendi ambayo magazeti mengi hayakuwa yamewahi kuandika jina lake. Kuna filamu kuhusu kuaga huko, The Last Dispatch. Itazame kwa ajili ya umati, na kwa ajili ya kuwaona marafiki watatu wanaojaribu kupiga muziki pamoja huku kuna mambo hawajaambiana. Aliyewahi kuwa kwenye bendi atajua pale ambapo mtu anatazama nyaya ili asimtazame mwenzake.

Kwa hiyo Zimbabwe ya 2007 ni bendi iliyokufa ikirudi kwa sababu maalumu. Walitangaza usiku mmoja Madison Square Garden, New York, tiketi zikaisha, wakaongeza, zikawa siku tatu mfululizo, tarehe 13 hadi 15 Julai, zote zimejaa. Bila lebo kubwa nyuma yao. Mapato yalikuwa ya kusaidia watu wa Zimbabwe, wakati ambapo mfumuko wa bei huko ulikuwa umeshapita maelfu ya asilimia na mkate umekuwa habari.

Hapa naomba niseme la moyoni. Mwafrika mwenye akili zake huguna anapoona vijana wa Kizungu wamepanda jukwaani kuimba shida zetu. Nimeona matamasha ya namna hiyo, ambako bara zima linakuwa mtoto mmoja mwenye nzi usoni. Nilikuwa tayari kuguna. Kilichonizuia ni wimbo Elias, ambao ulikuwamo tangu Silent Steeples, miaka kumi na zaidi kabla ya tamasha, kabla hawajawa na mtu wa kumvutia. Chad aliishi Zimbabwe akiwa kijana, akajenga urafiki na mtunza bustani wa jina hilo, na alipoondoka akamwandikia wimbo. Unaanza kwa Kishona, sauti zimepangwa juu ya nyingine, bila ala kuwafunika. Matamshi si mabaya kama nilivyojitayarisha kwayo. Halafu gitaa linaingia, na anaanza kumzungumzia mtu mmoja na wanawe, si bara. Hasemi atamwokoa. Anamuaga, na ana wasiwasi. Kwenye Madison Square Garden, maelfu ya vijana wa Marekani wanaimba ule mwanzo wa Kishona neno kwa neno, na wengi wao nina hakika hawawezi kuionyesha Harare kwenye ramani. Mke wangu aliyekuwa akipiga pasi chumba cha pili alikuja kuuliza nasikiliza kwaya ya wapi.

Kasoro za Zimbabwe zipo. Umati umewekwa juu mno. Fundi wa sauti alitaka tujue ukumbi ulijaa, nasi tulijua tangu wimbo wa kwanza. Mara mbili tatu besi inazama kwenye kelele na mimi mwenye besi yangu naumia. Nyimbo nyingine zimenyooshwa kuliko zinavyoweza kubeba. Lakini sikiliza namna watu watatu waliokaa mbali kwa miaka wanavyorudi kwenye Flying Horses: ule mchomo wa gitaa mwanzoni, kisha sauti ya pili, ya tatu, na hakuna anayemkanyaga mwenzake. Mazoezi peke yake hayakupi kitu kile.

Walirudi tena 2011, safari hii kwa kudumu: ziara kubwa, Red Rocks kule Colorado, TD Garden hapa Boston, na kazi mpya za studio. Circles Around the Sun ya 2012 ni albamu ya watu waliokua, roki zaidi, fanki kidogo, na imepigwa pasi mno kwa ladha yangu. America, Location 12 ya 2017 ni bora kuliko hiyo; Only the Wild Ones ni wimbo wa watu wa makamo wanaokumbuka ujana bila kulia, na shangazi yeyote ataupenda. Location 13 ikafuata. Kisha Pete akaondoka, baada ya kusema hadharani kwamba anapambana na msongo wa mawazo, na Chad na Brad wakaendelea na wanamuziki wengine. Break Our Fall ya 2021 ndiyo ya kwanza bila yeye. Wapya wanajua kazi, tena pengine ni mafundi kuliko aliyeondoka. Ila ile sauti ya tatu haipo, na kwenye nyimbo za zamani naisikia ilipokuwa. Kijana wetu wa drams anabisha, anasema bendi ya sasa inashika mdundo vizuri zaidi. Kwa upande wa drams ana haki.

Nyota: Zimbabwe nne na nusu, Gut the Van nne, Bang Bang tatu na nusu kwa ajili ya The General, Silent Steeples tatu na nusu kwa ajili ya Elias, Location 12 tatu, Circles mbili na nusu. Nakala zangu zote nimenunua za mitumba, kwenye maduka ya CD kuukuu huku Massachusetts ambako bendi hii haikosi kwenye masanduku ya chini, na bei ni ya sandwichi. Fungua kasha kabla ya kulipa: Gut the Van lazima iwe na CD mbili, na yangu ilikuwa na ya pili tu.