Kitabu cha Okello kisome, ila usiishie hapo

Wazee wa kwetu Lira, kaskazini mwa Uganda, ukiwauliza habari za John Okello, watakuambia ni mtoto wa Lango aliyempindua Sultani wa Zanzibar. Basi, wameishia hapo. Anayetaka zaidi atafute kitabu alichokiandika mwenyewe kwa Kiingereza, Revolution in Zanzibar, kilichotolewa Nairobi mwaka 1967. Vipya havipatikani, ni kuvizia kwa wauza vitabu vya mitumba. Nakala yangu niliipata Kampala kwa shilingi 45,000 baada ya kuvutana sana. Jalada limechanika na kurasa zinanuka moshi. Kabla hujalipa, angalia jina la mwandishi, maana Don Petterson, mwanadiplomasia wa Marekani aliyekuwako kisiwani siku zile, naye alitoa chake mwaka 2002, na jina la kitabu hicho linaanza vilevile.

Kusoma, nilikisoma kwa raha. Kuamini, siamini hata nusu. Okello kila penye jambo yumo yeye: Mungu anamwotesha, yeye ndiye anayepanga vituo vya polisi vivamiwe usiku wa kuamkia 12 Januari 1964, yeye ndiye Field Marshal. Halafu anatuhesabia maiti kama karani wa pamba kwenye mizani, zaidi ya 13,000! Usiku ule, na risasi zile, nani alikuwa na daftari?

Lakini miaka yake ya kibarua Kenya, kisha kule Pemba alikofika 1959, hapo ameandika mtu aliyeyaonja. Ndipo nilipoelewa kwa nini watu walimfuata mgeni asiyejulikana, tena mwenye Kiswahili cha bara.

Ukimaliza, mgeukie Petterson, aliyebaki mjini Wamarekani wenzake walipoondolewa kwa meli. Kisha Ali Muhsin al-Barwani, waziri katika serikali iliyopinduliwa, aliyeandika kumbukumbu zake baada ya kifungo kirefu. Kwake yeye yale yalikuwa uvamizi kutoka bara. Watatu hawa hawapatani hata kidogo, ila wote wanakubali kwamba Okello hakudumu: kufika Machi 1964 Karume, rais mpya wa Zanzibar, alikuwa ameshamfungia njia ya kurudi kisiwani.

Cha Barwani nilikiazima na mwenyewe ameshakidai. Mwenye nakala ya kuuza aseme bei, lakini kwa shilingi zetu, si kwa dola.