Madai ya bima baada ya ajali: walivyotupokea Mtwara mjini

Nitende haki kwanza. Binti wa mapokezi ana adabu. Alitupa viti, akamletea wifi yangu maji, akapitia makaratasi yetu moja moja na kutuambia kipi kimepungua. Ofisi nzima ingekuwa kama yeye, leo ningekuwa naandika mengine.

Tulifuata fidia ya mdogo wangu. Aligongwa na lori akafariki, barabara ya Masasi, akiwa na pikipiki yake, anarudi nyumbani Nanyamba. Lori lilikuwa na bima ndogo ya kampuni hii, ile inayomlipa aliyegongwa, na dereva alishakiri kosa mahakamani, kwa hiyo hapakuwa na ubishi wa nani kamgonga nani. Makaratasi yalitutoa jasho: ripoti ya polisi na mchoro wa ajali, ripoti ya uchunguzi wa mwili kutoka hospitali ya Ligula, cheti cha kifo cha RITA, nakala ya hukumu, muhtasari wa kikao cha ukoo wenye saini ya mjomba, barua ya Mahakama ya Mwanzo ya usimamizi wa mirathi. Tukasubiri na wifi atoke eda.

Tukaingizwa kwa afisa wa madai. Pole hakuna. Swali la kwanza: marehemu alikuwa anaingiza shilingi ngapi kwa mwezi? Wifi akafungua pindo la khanga, akatoa stakabadhi za korosho za AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, za misimu kadhaa na taarifa ya benki inayoonyesha malipo yalivyoingia. Yule bwana akazipekua kwa ncha ya kalamu kama anachambua dagaa waliooza. Akasema, "Mama, korosho ni za msimu, hicho siyo kipato. Leteni hati ya mshahara."

Korosho siyo kipato! Mtu anayatamka hayo akiwa amekaa Mtwara! Tangu mfumo wa stakabadhi ghalani uanze mwaka 2007, mkulima anapima kilo zake, zinaenda ghala kuu, zinanadiwa, hela inaingia kwenye akaunti yake. Kila hatua ina karatasi. Ni wangapi mjini hapa wenye mshahara unaothibitika hivyo? Ada ya watoto, bati za nyumba, jando, harusi, vyote vinasubiri mnada. Hata bima za pikipiki wanazouza wao, watu wanazikata korosho zikishalipwa. Mdogo wangu alipulizia salfa mikorosho yake kwa mikono yake, watoto wakala, wakasoma. Leo ndiyo hana kipato?

Kabla hatujakaa sawa akasogeza hati ya Kiingereza na kidau cha wino. Nikaomba tuisome. "Mkichelewesha, faili linarudi Dar, mtasubiri sana." Kidole gumba cha wifi kilikuwa kimeshapakwa wino. Nikamshika mkono, nikakifuta kwa mtandio wangu. Kijana mmoja wa ukoo aliyesoma alipoipitia pale nje akatuambia: ukitia dole hapo, huna dai lingine tena, na kiasi chenyewe ni hicho hicho kidogo kilichoandikwa.

Tukapeleka malalamiko TIRA, mamlaka inayosimamia kampuni za bima, tukaambatanisha na barua ya mwenyekiti wa AMCOS. Haukupita muda mrefu, kampuni wakapiga simu wenyewe, sauti laini, "dada yetu" nyingi, kiasi kimeongezwa. Kwa hiyo siwezi kuwaita matapeli, wanalipa. Nilipoanza kuandika nilitaka kusema ni huduma ya wastani yenye mfanyakazi mmoja mbovu.

Lakini hapana. Stakabadhi ni zile zile. Kama zilikuwa kipato siku waliyopiga simu, zilikuwa kipato siku mjane amezishika mkononi mbele yao. Walizikataa kwa sababu waliona mwanamke wa kijijini. Wangapi wametia dole wakaondoka? Sasa hivi siwapendekezi kwa mtu yeyote, hata kwa bima ya baiskeli.

Mwenye msiba kama wetu, beba stakabadhi zako za korosho, na wakizikataa waambie waandike kwa maandishi kwamba wamezikataa. TIRA wapo, na Msuluhishi wa Migogoro ya Bima yupo kwa Sheria ya Bima ya mwaka 2009. Hati yao mpya tumempa wakili aisome, na tumewaambia wailete kwa Kiswahili ndipo wifi atie dole.